Ijue Picha ya Maktaba Kabla ya Kuikata

Desemba 1963, Mwanamfalme Philip wa Uingereza alihudhuria sherehe mbili za uhuru ndani ya siku tatu: Zanzibar tarehe 10, Nairobi tarehe 12. Miaka miwili kabla ya hapo alikuwa Dar es Salaam kwa shughuli hiyohiyo. Kote kulikuwa na gwaride, wageni wenye sare, bendera mpya inapanda, umati unashangilia. Sasa mpe mhariri kipande cha sekunde nane, cheusi na cheupe, kisicho na sauti wala maelezo, umwambie atengeneze filamu ya uhuru wa Kenya. Asipouliza maswali, anaweza kuitia Unguja ndani ya Nairobi na watazamaji wengi wasing'amue. Lakini wanaojua wapo. Na wakishaliona kosa hilo moja, hawaiamini tena filamu nzima, hata pale iliposema kweli.

Kwa sherehe hizo tatu, anza na bendera. Ya Tanganyika ni mistari ya kulala mitupu, haina alama katikati. Ya Kenya ina ngao na mikuki, na ngao huonekana hata picha ikiwa na ukungu. Ya Zanzibar iliyopandishwa siku ile ilikuwa nyekundu, na katikati duara la kijani lenye karafuu mbili. Hapo ndipo penye mtego: kwenye filamu nyeusi na nyeupe, nyekundu na kijani zote hutoka kijivu, kwa hiyo duara linaweza kumezwa kabisa na ukabaki na kitambaa kisichosema lolote. Simamisha picha, ongeza kontrasti, pitia fremu moja moja hadi upepo ukikunjue. Ukiziona karafuu, umeshapata tarehe bila kusoma chochote, kwa sababu bendera ile ilipepea kuanzia 10 Desemba 1963 hadi Mapinduzi ya 12 Januari 1964. Siku 33 tu.

Baada ya bendera, tazama nani yuko jukwaani. Sultani Jamshid bin Abdullah hakupandishiwa bendera Nairobi, wala Kenyatta hakuapishwa Unguja. Kisha jihadhari na tarehe zinazofanana. Tanganyika ilipata uhuru 9 Desemba 1961 na ikawa jamhuri 9 Desemba 1962. Kenya vilevile: 12 Desemba 1963 uhuru, 12 Desemba 1964 jamhuri. Katalogi ikiandika "Nyerere, sherehe za Desemba", bado hujaambiwa kitu. Mwaka 1961 alikuwa waziri mkuu. Mwaka uliofuata alikuwa anaapa kuwa rais. Na tarehe unayoiona kwenye katalogi za sinema za habari za zamani mara nyingi ni siku toleo lilipotoka kwenda majumba ya sinema, si siku tukio lilipotokea. Tofauti ya siku chache inatosha kuharibu mtiririko wa filamu inayofuata matukio saa kwa saa.

Televisheni zetu zimezoea kuandika "Picha: Maktaba" pembeni ya kioo na kuishia hapo. Maktaba ipi? Ya nani, ya mwaka gani, imepigwa wapi? Naona maneno hayo mawili yamelea uvivu mkubwa. Picha ya zamani ni ushuhuda wa mtu aliyekuwa na kamera mahali fulani siku fulani, na filamu isiyomjua mtu huyo haijui inachokionesha.

Mjue basi, pamoja na kamera yake. Wapiga picha wengi wa habari wa miaka ya 1950 na 1960 walitumia filamu ya milimita 16 kwenye kamera ndogo za springi zinazokazwa kwa mkono. Rola la futi 100 lina fremu 4,000, yaani dakika 2 na sekunde 46 kwa mwendo wa fremu 24 kwa sekunde. Springi ikikazwa mara moja huendesha kamera kwa takriban nusu dakika tu. Ndiyo maana shoti za wakati ule ni fupi: ndege inatua, mgeni anashuka, mkono unapeanwa, umati, bendera, kwaheri. Mtu huyo hakuwa na filamu ya kupoteza. Ukiona amekaa sekunde 20 kwenye uso mmoja, jua ametumia sehemu kubwa ya springi yake hapo kwa makusudi, na swali la kujiuliza ni kwa nini.

Kamera hizo hazikunasa sauti. Vigelegele, makofi na ngoma unazozisikia chini ya picha nyingi za enzi hizo viliwekwa baadaye kwenye chumba cha uhariri, kutoka maktaba ya sauti. Njia ya kuvitambua ni rahisi: sikiliza mahali picha inapokatwa. Kama kamera inaruka kutoka mbali hadi karibu na kelele ya umati haibadiliki hata kidogo, sauti hiyo imebandikwa. Hotuba ni jambo lingine. Nyingi zilirekodiwa na redio kwenye mikanda ya kunasia sauti, hata pale ambapo kamera ilikuwa bubu, kwa hiyo mara nyingi inawezekana kuoanisha picha ya kiongozi na sauti yake halisi ya siku hiyohiyo. Kazi hiyo hufanywa kwa midomo: tafuta herufi zinazoifunga, yaani m, b na p. "Mabibi na mabwana" ni zawadi kwa mhariri, midomo inafunga mara tano ndani ya maneno matatu. Oanisha hapo, kisha angalia tena baada ya sekunde 20, maana mkanda wa redio na filamu havikuendeshwa na mota moja na vitaachana taratibu. Rekebisha kila sentensi kivyake. Na kama huna sauti ya siku hiyo, acha picha iwe kimya au weka muziki unaojulikana wazi kuwa ni muziki. Kubandika vigelegele vya harusi ya jana juu ya umati wa 1961 ni kumlisha mtazamaji maneno ambayo watu wale hawakuyasema.

Hati inayosaidia kuliko zote ni karatasi ya maelezo ambayo mpiga picha aliituma pamoja na rola lake. Shirika la habari kama Visnews, lililoanzishwa London mwaka 1957 na ambalo mkusanyiko wake sasa uko mikononi mwa Reuters, liliishi kwa karatasi hizo: mahali, tarehe, orodha ya shoti kwa mpangilio, majina ya wakubwa, urefu kwa futi. Ukiona futi, gawa kwa 36 upate dakika kwa filamu ya milimita 16, na kwa 90 kwa ya milimita 35. Orodha ikisema futi 72 na wewe umepewa klipu ya sekunde 50, kuna zaidi ya nusu hujaoneshwa. Iulizie. Karatasi hizo zina upungufu wake pia: gavana ana jina, mke wa gavana ana jina, na mama mwenye kanga anayecheza mbele ya kamera ameandikwa "umati". Kumpa mama huyo jina ni kazi ya mtafiti wa leo, na mahali pa kuifanyia ni mtaani kwake, si kwenye katalogi.

Kuna picha ambazo kamera yenyewe ni sehemu ya tukio. Desemba 1960 Patrice Lumumba, waziri mkuu wa Kongo aliyeondolewa madarakani, alirudishwa Léopoldville (Kinshasa ya leo) akiwa mateka, mikono imefungwa nyuma. Askari anamshika nywele na kumwinua kichwa ili uso wake uonekane. Uonekane na nani? Na wapiga picha. Kisha karatasi inasukumwa mdomoni mwake. Filamu nyingi zimekitumia kipande hicho kwa sekunde tatu au nne kisha zikakimbilia ramani au profesa. Kukikata hivyo ni kukipoteza. Kiachie kiende kwa urefu wake wote, bila msimulizi, na mtazamaji ataona mwenyewe kwamba udhalilishaji ule uliandaliwa kwa ajili ya lenzi, na kwamba Lumumba anatazama pembeni na kuwanyima alichokitaka kila aliyesimama pale. Ukishaona hivyo, huhitaji sentensi ya msimulizi inayosema Lumumba alikuwa jasiri.

Zipo pia picha zinazoonekana kama maisha ya kawaida kumbe ni maigizo. Kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri kwenye milima ya Usambara, mradi wa Waingereza ukisaidiwa na fedha za Carnegie Corporation ya Marekani ulitengeneza filamu 35 za kuwafundisha Waafrika kilimo, afya na mambo ya ushuru. Filamu zilikuwa za milimita 16 na sauti yake ilikuwa pembeni, kwenye santuri, kwa Kiswahili na lugha nyingine kadhaa. Nyingi zimepotea. Zilizobaki zinavutia sana, na hatari yake ndiyo hiyo: mtengeneza filamu anaona kijiji cha mwaka 1936, anaona mtu analima, anaweka maandishi "Maisha ya kijijini Tanganyika". Mtu yule alikuwa anaelekezwa. Alipewa nafasi ya mjinga anayeugua safura au ya mwerevu anayechimba choo. Filamu hiyo ni ushahidi mzuri wa jinsi watawala walivyotaka kijiji kionekane. Tumia hivyo, na useme hivyo kwenye maandishi ya kioo.

Picha za Januari 1964 zinadai uangalifu wa pekee. Picha jongefu za mauaji ya siku za Mapinduzi ya Zanzibar zinazosambaa zaidi zilipigwa kutoka angani kwa ajili ya filamu ya Waitaliano Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, Africa Addio, iliyotoka 1966. Filamu hiyo ililaumiwa tangu mwanzo kwa dharau yake kwa Waafrika. Leo vipande vyake vinazunguka kwenye simu vikiwa vimenyofolewa jina la filamu, na kila upande una maneno yake ya kuvibandika. Mmoja anavikataa vyote kwa sababu ya waliovipiga. Mwingine anayakubali maneno yote ya msimulizi kwa sababu picha ipo. Mhariri makini hawezi kumfuata yeyote kati ya hao. Zima sauti kwanza. Tazama mara kadhaa bila msimulizi na uandike kile tu ambacho lenzi iliona: watu wangapi kwenye fremu, wanaelekea wapi, nguo gani, pwani au shamba. Kisha andika kando yale ambayo picha ya angani haiwezi kukuambia: nani aliua, nani aliamuru, jumla ya waliokufa ni wangapi. Hayo yanatafutwa kwa watu na hati, na idadi bado inabishaniwa. Ukiamua kukitumia kipande hicho, chanzo chake kiandikwe kioo kizima, si pembeni kwa herufi ndogo. Na ndugu za waliokufa wako hai, Unguja, Mombasa, Muscat, Dubai. Waoneshwe kabla ya kuoneshwa hadhira.

Twende kwenye mambo ya mashine, maana hapo ndipo filamu nyingi za kwetu huchafuka hata pale utafiti ulipokuwa mzuri.

Mwendo kwanza. Filamu bubu za kale zilipigwa kwa fremu 16 hadi 18 kwa sekunde, au pungufu, kwa sababu mkono ndio uliozungusha kamera. Zikiendeshwa kwa 24, watu wanatembea mara moja na nusu ya kasi yao, na hapo ndipo lilipotoka wazo la kwamba watu wa zamani walitembea kama wamechokozwa. Iambie programu ya uhariri kuwa klipu ni ya fremu 16, kisha ilinganishe na mwendo wa mtu wa kawaida: hatua, mkono unaopunga, moshi. Mwongozaji Peter Jackson, kwa filamu yake ya 2018 ya Vita Kuu ya Kwanza, alilazimika kukadiria mwendo wa kila kipande kivyake, kati ya fremu 10 na 18. Ukiacha kompyuta ijaze fremu zisizokuwepo, angalia miguu inayopishana na vijiti vya bendera. Hapo ndipo picha huyeyuka na kupindapinda. Kurudia fremu kunaonekana kwa mkwaruzo kidogo, lakini hakuzushi kitu, nami nakupendelea.

Filamu ya fremu 24 iliyohamishwa kwenye mkanda wa video wa mfumo wetu wa fremu 25 ilikwenda kasi kwa asilimia 4. Saa moja ikawa dakika 57 na sekunde 36, na sauti ikapanda. Ndiyo sababu kwenye nakala nyingi za VHS viongozi wa miaka ya 1960 wanasikika na sauti nyembamba kuliko walivyokuwa. Punguza mwendo hadi asilimia 96, picha na sauti pamoja, na sauti itarudi kifuani.

Umbo la picha nalo. Filamu hizo zina uwiano wa 4:3, na kioo cha leo ni 16:9. Ukiivuta ijaze kioo, kila mtu ananenepa kwa theluthi moja. Ukiikuza ijaze, unakata robo ya kimo: kofia, vidole, maandishi ya bango, miguu ya wacheza ngoma. Acha pembe nyeusi kushoto na kulia. Mtazamaji anazizoea baada ya dakika moja, na mpiga picha aliyepanga fremu yake anaheshimiwa. Kwa video za miaka ya 1970 na kuendelea, ukiona kingo za mtu anayetembea zimekatika kama meno ya kitana, ni mistari ya nusu-fremu mbili zilizopigwa kwa nyakati tofauti. Itenganishe kwa programu nzuri kabla ya kupunguza au kukuza ukubwa; ukikuza kwanza, meno hayo hayatoki tena.

Kuhusu akili mnemba, msimamo wangu ni mkali. Programu za kuongeza ung'avu hazisafishi uso wenye ukungu, zinachora uso mwingine mahali pake. Umati wa watu 300 unageuka watu 300 ambao hawajawahi kuzaliwa. Rangi vilevile: hakuna programu inayoweza kujua kanga ile ilikuwa ya rangi gani, inakisia tu. Mwaka 2024 chama cha watayarishaji wa picha za kumbukumbu, Archival Producers Alliance, kilitoa mwongozo unaotaka mtazamaji aambiwe wazi pale picha ya kutengenezwa inapotumika. Ni kiwango cha chini cha kujiwekea. Toa vumbi, tuliza mtikisiko, sawazisha mwanga, basi.

Sasa karatasi. Siku ya kwanza ya utafiti fungua jedwali moja na usilifunge hadi filamu itoke: namba ya katalogi, mmiliki, jina la klipu, tarehe ya tukio, tarehe ya kutolewa, mpiga picha kama anajulikana, umbo asilia, mwendo, mwanzo na mwisho wa kipande ulichotumia, bei. Omba nakala za kutazamia zenye saa ya fremu (timecode) iliyochapwa juu ya picha, na usibadilishe majina ya mafaili. Kosa linalogharimu zaidi ni kupakua klipu YouTube, ukaihariri miezi sita, kisha ukaomba nakala safi. Ile ya YouTube inaweza kuwa imebadilishwa mwendo na haina saa ya maktaba, kwa hiyo kila shoti italazimika kutafutwa kwa macho, moja moja. Mwaka 2014 British Pathé, kampuni ya sinema za habari za zamani, iliweka huko filamu 85,000. Ni mahali pazuri pa kutafutia, lakini kuziona bure si ruhusa ya kuzitumia.

Maktaba nyingi hutoza kwa sekunde au kwa dakika, zikiweka kiwango cha chini kwa kila klipu au kwa mradi mzima. Shoti kumi za sekunde tatu kutoka maktaba kumi zinaweza kukugharimu kuliko dakika moja kutoka maktaba moja, kwa hiyo punguza idadi ya vyanzo mapema. Leseni hupangwa kwa nchi, kwa aina ya matumizi na kwa muda. Kama fedha ni kidogo, chukua ya matamasha tu, lakini bei ya kuipanua kwenda televisheni na mtandaoni iandikwe kwenye mkataba leo, kabla filamu haijapata jina. Ikishapata tuzo, bei haitakuwa ileile. Ukishafunga uhariri, agiza nakala safi zikiwa na sekunde moja ya ziada kila upande, ili mpito wa taratibu usikukwamishe.

Sheria za Kenya na Tanzania huilinda kazi ya picha na sauti kwa miaka 50, na watu wengi hupiga hesabu hiyo wakajiona wako huru. Uingereza huhesabu kwa njia nyingine na kwa muda mrefu zaidi kwa filamu nyingi, na filamu yako itaoneshwa huko pia. Halafu mwenye rola ndiye anayeamua nani aingie ghalani. Muziki uliomo ndani ya klipu una mwenyewe mwingine. Kwa asiye na fedha, mlango ulio wazi zaidi ni Hifadhi ya Nyaraka ya Taifa ya Marekani (National Archives): sinema za habari za Universal za 1929 hadi 1967 ziko huru kutumika, na ndani yake Afrika imo, ingawa kwa macho ya Mmarekani.

Hazina ambayo haijaguswa iko majumbani. Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi 1994, lakini kamera za VHS zilikuwepo kwenye harusi, maulidi, mahafali na mikutano ya vyama. Ukanda wa pwani una unyevu, na mikanda inaota ukungu. Tazama kwenye kidirisha cha kaseti: ukiona unga mweupe, usiiingize kwenye mashine yoyote, utachafua vichwa vinavyosoma mkanda na kila mkanda utakaofuata. Mpe fundi aisafishe ikiwa imefunguliwa. Ikiwa safi, ipeleke mbele hadi mwisho na uirudishe mara moja bila kuicheza, ili mkazo wake usawazike. Safisha vichwa vya mashine kwa spiriti ya isopropili. Nakili yote bila kukata, kwa ukubwa wa asili wa 720 kwa 576. Kwa mfumo wa video ya kidijitali uitwao DV, saa moja huchukua takriban GB 13. Kama ulichopewa ni rola la filamu na linanuka siki, msingi wake wa asetati umeanza kuoza. Litenge na mengine, liweke pakavu na pa baridi, na usilipitishe kwenye projekta, maana filamu iliyosinyaa huchanika matundu. Litafutiwe skana isiyotumia meno ya kuvuta filamu kwa matundu yake.

Siku ya kunakili, mwenye mkanda awepo. Acha ucheze, weka kinasa sauti mezani, na kila sura inapotokea muulize: huyu nani, hapa wapi, mwaka gani, nani alikuwa ameshika kamera? Andika majibu mbele ya saa ya kaunta. Ridhaa ya kutumia picha iandikwe na kusainiwa siku hiyohiyo, ikitaja vipande gani na kwa filamu gani, kwa sababu harusini kuna watoto, kuna waliokwisha kuachana, na kuna wanawake waliojirekodi wakiwa peke yao chumbani ambao hawakutaka kuonekana na watu wa nje. Vipande vya namna hiyo vinabaki kwenye nakala ya familia tu. Mkanda unarudi kwao pamoja na diski yenye faili zima, na wewe unabaki na nakala mbili kwenye diski mbili zilizohifadhiwa nyumba mbili tofauti.